Marehemu Hakuwa na Salari Slipi

Katika misiba ya ajali, Ipuli kama kwingineko Tabora, hakosekani mjuzi. Anaweza kuwa dalali, karani mstaafu, au jamaa aliyewahi kukaa ofisi moja na wakala wa bima. Watu wakianza kunong'onezana habari za fidia, yeye hutikisa kichwa na kuuliza swali moja tu: marehemu alikuwa na salari slipi? Hakuwa nayo. Alikuwa akiendesha bodaboda, au akiuza karanga na ndizi stendi, au akilima tumbaku upande wa Urambo na kurudi mjini masoko yakishafungwa. Basi, anasema mjuzi, mahakama inataka karatasi. Bila karatasi mtaambulia kifuta machozi. Afadhali mwenye gari alete jeneza na gunia mbili za mchele, msaini, yaishe.

Mjuzi huyu anapotosha watu, na kwa bahati mbaya hayuko peke yake. Maneno yake yanasemwa pia na waliovaa suti. Wakili wa kampuni ya bima huyasema kwa lugha ya taratibu: mdai ameshindwa kuthibitisha kipato cha marehemu. Baadhi ya mahakimu huyaandika katika hukumu kwa sentensi hiyo hiyo, kisha wanashuka mstari na kutoa kiasi kisichojulikana kimetoka wapi. Hata wanasheria wa upande wa mjane wameizoea rai hii mpaka hawaleti tena shahidi wa kipato; wanaomba fidia ya jumla kwa mkono mmoja na kuiachia huruma ya korti kwa mkono wa pili.

Chanzo cha upotoshaji ni kanuni moja ya kweli iliyopelekwa mahali pasipo pake. Mahakama ya Rufani ya Tanzania, katika shauri la Zuberi Augustino dhidi ya Anicet Mugabe lililochapishwa katika ripoti za sheria za mwaka 1992, ilisisitiza kwamba hasara mahususi lazima itajwe waziwazi katika hati ya madai na ithibitishwe. Hakuna ubishi hapo. Ukisema ulilipa hospitali laki tisa, lete risiti. Ukisema pikipiki iliyosagwa ilikuwa na thamani fulani, onyesha ulivyoinunua. Hayo ni mambo yaliyokwisha kutendeka, na jambo lililokwisha kutendeka huacha alama.

Ila ugali ambao watoto wa marehemu wangeula mwaka ujao haujapikwa. Ada ya kidato cha kwanza ya mtoto aliye chekechea leo haijalipwa na mtu. Nani atakuwa na risiti ya kitu hicho? Hasara ya utegemezi, yaani riziki ambayo marehemu angeendelea kuwapa watu wake, ni hasara ya mbele. Kwa asili yake hukadiriwa. Aliyekuwa na salari slipi naye hukadiriwa tu, maana hakuna aliyejua kama angepandishwa cheo, angefukuzwa kazi, au angeugua akiwa na miaka arobaini. Karatasi ya mshahara inaonyesha mwezi uliopita. Haionyeshi miaka kumi na mitano ijayo. Kwa hiyo anayedai kwamba mwenye mshahara anathibitisha na mwenye kijiwe anabahatisha, hajafikiri vya kutosha: wote wawili wanakadiriwa, tofauti ni mahali pa kuanzia tu.

Njia ya kukadiria ipo, na ni ya zamani. Wapo wanaosema fidia ya kifo ni bahati nasibu, kwamba inategemea hakimu ameamkaje. Sivyo. Katika shauri la Hayes dhidi ya Patel, lililomo katika ripoti za sheria za Afrika Mashariki za mwaka 1961, hatua zilielezwa vizuri kabisa. Tafuta umri wa marehemu na miaka ambayo angeendelea kufanya kazi. Angalia umri wa wanaomtegemea. Jua alichokuwa akikipata baada ya kuondoa kodi, kisha jua sehemu aliyokuwa akiwapa watu wake. Ukipata thamani ya utegemezi kwa mwaka, izidishe kwa idadi ya miaka inayofaa. Idadi hiyo huwa pungufu ya miaka aliyobakiza kazini, kwa sababu fedha inalipwa kwa mkupuo, na kwa sababu maisha yana mashaka yake hata bila ya basi la kumgonga mtu. Mambo haya yaliandikwa kabla ya wengi wetu kuzaliwa.

Sasa tuchukue mfano wa kubuni. Kijana wa miaka 30, ana mke, watoto watatu na mama mzazi kijijini. Anaendesha pikipiki ya mkataba: kila siku anampa tajiri shilingi 10,000 hadi mkataba uishe na pikipiki iwe yake. Baada ya hesabu ya tajiri na mafuta, mfukoni anabaki na 12,000. Siku 25 kwa mwezi ni laki tatu. Kwa mwaka ni 3,600,000. Tuseme theluthi anaitumia mwenyewe. Zinazobaki kwa familia ni 2,400,000. Zidisha kwa miaka 15. Jibu ni shilingi 36,000,000. Weka hapo jeneza na gunia mbili za mchele, upime mwenyewe.

Hata hesabu hiyo bado inamdhulumu marehemu. Tuseme mkataba wake ulikuwa umebakiza miezi mitatu. Baada ya miezi hiyo, ile elfu kumi ya tajiri isingetoka tena. Angeitoa kidogo kwa matairi na oili, nyingine ingekwenda nyumbani. Mahakama inayotazama mbele inapaswa kuiona elfu kumi hiyo. Na huo mkataba wa pikipiki, ambao kwa kawaida huandikwa, ukasainiwa na mashahidi, wakati mwingine hata kwa mwanasheria, unasema jambo kubwa kuhusu kipato: mtu aliyeweza kutoa 10,000 kila siku kwa miezi kumi bila kunyang'anywa chombo, alikuwa akiingiza zaidi ya hizo. Huhitaji mhasibu kukueleza.

Nasema haya kwa sababu wanaodai hakuna ushahidi huwa hawajautafuta. Mwendesha bodaboda ana leseni ya usafirishaji ya LATRA. Ana kijiwe chenye mwenyekiti na katibu. Ana tajiri mwenye daftari la hesabu. Ana laini ya simu yenye miamala. Mkewe ana daftari la kikoba linaloonyesha hisa za kila wiki, na fedha ya hisa haikuota kwenye mwembe. Mwenye duka aliyekuwa akiwakopesha unga na sukari na kulipwa kila Jumamosi anajulikana, na anaweza kuapa. Muuza karanga ana jumla anakonunua gunia. Mkulima wa tumbaku ana kumbukumbu kwenye chama chake cha msingi, kilo kwa kilo, daraja kwa daraja. Mambo haya yanamezwa na sentensi moja ya kivivu, eti hakukuwa na uthibitisho wa kipato.

Jirani zetu wameshalimaliza hili. Mwaka 2005 Mahakama ya Rufani ya Kenya ilikutana na rufaa iliyomhusu marehemu seremala asiye na vyeti wala vitabu vya hesabu. Wakata rufaa walishikilia kwamba useremala wake na kipato chake havikuthibitishwa. Mahakama ilikataa. Ilisema vyeti si njia pekee ya kuthibitisha kazi ya mtu, na nyaraka si njia pekee ya kuthibitisha mapato yake. Kushikilia kwamba ndizo njia pekee kungewadhulumu watu wengi wasiojua kusoma, wasioweka kumbukumbu, na ambao hata hivyo wanajitafutia riziki kwa njia mbalimbali. Pale ambapo ushahidi ni mwembamba kabisa, mahakama za huko hurejea kima cha chini cha mshahara cha Serikali, au hutoa kiasi kimoja cha jumla. Hukumu ya Kenya haimfungi hakimu wa Tabora, lakini inaweza kumshawishi, na sijasikia hoja ya maana ya kwa nini seremala wa kwao aaminiwe na wa kwetu asiaminiwe. Sisi pia tuna amri ya kima cha chini kwa kila sekta. Iwe ndiyo sakafu.

Tena suala la kupima kazi bila karatasi halipaswi kuwa geni katika mji huu kuliko mji mwingine wowote wa bara. Tabora ilijengwa na miguu ya wapagazi. Kabla ya reli kufika mwaka 1912, pembe za ndovu zilitoka hapa Unyanyembe hadi Bagamoyo mabegani mwa watu, na nguo, shanga na waya zikarudi kwa njia hiyo hiyo. Mzigo wa kawaida ulikuwa karibu frasila mbili, yaani zaidi ya kilo 30. Ujira ulipatanwa kabla ya safari, kwa doti za merikani au kwa bidhaa nyingine; posho ilipimwa kwa kibaba; kirangozi, kiongozi wa msafara, alijua anachostahili zaidi ya mpagazi wa nyuma. Wazungu waliopita hapa, tangu Burton na Speke mwaka 1857, waliandika mengi kuhusu jinsi Wanyamwezi walivyokuwa wagumu kwenye mapatano. Walioijua thamani ya kazi yao hawakuwa na karatasi hata moja. Leo vitukuu vyao wanaambiwa jasho lao halihesabiki kwa sababu halikupigwa chapa kwenye kompyuta.

Wapinzani wa madai haya wana hoja nyingine, na baadhi zina uzito.

Ya kwanza ni ya udanganyifu. Wanasema ukifungua mlango wa maneno matupu, kila mjane atasema mumewe alikuwa akiingiza laki moja kwa siku. Jibu langu ni kwamba katika nchi hii kitu rahisi kughushi ni karatasi. Mhuri unachongwa, barua ya mwajiri hewa inachapwa kwa dakika kumi. Kuwaghushi watu watatu wanaoishi kijiwe kimoja, waape, waulizwe maswali mmoja mmoja na wakili mkali, na majibu yao yafanane juu ya mafuta, hesabu ya tajiri na siku za mvua, hiyo ndiyo kazi. Hakimu aliyelelewa Tanzania anajua bodaboda wa Ipuli hapati laki kwa siku. Anajua pia hapati sifuri.

Ya pili ni kwamba fidia zikipanda, bima itapanda. Inawezekana. Lakini bima ya mtu wa tatu ni ya lazima kwa sheria, Sura ya 169, na kila gari linalopita barabara ya Nzega au ya Urambo limeilipia au lilipaswa kuilipia. Mwenye gari dogo la binafsi huilipia kila mwaka, kodi ikiwamo. Fedha hiyo inakusanywa kwa ajili ya siku ya ajali. Sheria hiyo inaitaka kampuni ilipe hukumu iliyotolewa dhidi ya mteja wake. Bima inayouzwa kwa wote na kuwalipa vizuri wenye mishahara tu inawatoza maskini wa bodaboda ili iwafidie maofisa. Kama bei ni ndogo mno, irekebishwe bei, na jambo hilo lijadiliwe na Mamlaka ya Usimamizi wa Bima mchana kweupe. Isifanywe nafuu kimyakimya kwa kumpunja mjane mahakamani.

Ya tatu, na hii naisikia hata kwa watu ninaowaheshimu, ni kwamba tuwe na jedwali: kifo ni kiasi hiki, mguu kiasi hiki, jicho kiasi hiki, kila mtu ajue. Kenya walijaribu kuelekea huko kwa marekebisho ya sheria ya bima ya mwaka 2013, na Mahakama Kuu yao mwaka 2016 ikasema jedwali lile halipatani na Katiba. Naelewa kinachowavutia watu kwenye jedwali: mahakama mbili zikitoa fidia zilizotofautiana kama mbingu na ardhi kwa majeraha yanayofanana, wananchi wanakosa imani. Dawa yake iko katika sababu zilizoandikwa. Mahakama yetu ya Rufani, kwa mfano katika shauri la Anthony Ngoo dhidi ya Kitinda Kimaro, imesema hakimu ana hiari katika fidia ya jumla lakini ni lazima atoe sababu. Hukumu inayosema kipato kilikuwa hiki, utegemezi huu, miaka hii, inaweza kukaguliwa na mahakama ya juu na kulinganishwa na nyingine. Inayosema tu kwamba kwa mazingira ya shauri hili milioni tano zinatosha, haikaguliki.

Halafu ipo hoja ya uchaji Mungu: damu haina bei, kupokea fedha ni kumuuza ndugu yako, ajali haina kinga. Naiheshimu imani iliyo ndani yake, ila nashangaa inavyoelekezwa upande mmoja. Mbona mwenye basi haambiwi kwamba ajali haina kinga pale anapodai bima ya basi lake? Waislamu wa Tabora, nao ni wengi, wanajua kwamba diya ya kuua kwa bahati mbaya imetajwa ndani ya Kurani, inakabidhiwa kwa jamaa wa marehemu, isipokuwa wao wenyewe wakisamehe. Msamaha ni mali ya aliyekosewa. Anayewajia wafiwa siku ya tatu na karatasi iliyokwisha kuchapwa, yenye maneno kwamba hawatadai tena, hajaja kuomba msamaha.

Na karatasi hiyo mara nyingi inasainiwa na asiyehusika: kaka wa marehemu, baba mdogo, wakati mwingine mwenyekiti wa mtaa. Chini ya Sura ya 310, sheria inayohusu ajali za vifo, madai huletwa kwa faida ya mke au mume, watoto na wazazi, na anayeyaleta ni msimamizi wa mirathi. Watoto wadogo hawajampa baba mdogo ruhusa ya kuuza ada zao. Kikao cha ukoo kikae, muhtasari uandikwe, msimamizi ateuliwe Mahakama ya Mwanzo. Hapo ndipo kuna mtu wa kuzungumza na bima, na kama atapatana nje ya mahakama, basi apatane akiwa ameshapiga hesabu kama ile ya juu. Sina ugomvi na suluhu. Nina ugomvi na suluhu ya gizani.

Ubaguzi wa karatasi unawaumiza wanawake kupita wote. Mama ntilie angalau ana wateja wa kumtolea ushahidi. Mama wa nyumbani aliyegongwa akitoka kisimani, aliyekuwa akipika, akilea, akiuguza mkwe na kulima robo eka ya karanga, huhesabiwa hakuwa na kipato kabisa. Mwezi mmoja baada ya mazishi mume anatafuta dada wa kazi, na dada wa kazi analipwa kila mwezi. Thamani iliyokataliwa mahakamani inajitokeza jikoni. Mahakama ya Juu ya India iliwahi kuliona hili mwaka 2001 ilipoweka rupia 3,000 kwa mwezi kama makadirio ya huduma za mama wa nyumbani, na Januari 2021 ikarudia kwa nguvu katika shauri la mume na mke waliogongwa wakiwa kwenye pikipiki mjini Delhi. Sioni aibu kujifunza kwao.

Kitu kingine kinachovunja hoja ya salari slipi kipo ndani ya nchi yetu wenyewe. Dereva wa basi aliyeajiriwa akifa katika ajali akiwa kazini, Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi unawalipa wategemezi wake pensheni, bila wao kuthibitisha uzembe wa mtu yeyote. Utaratibu mzuri, na naupongeza. Lakini yule wa bodaboda aliyegongwa na basi hilo hilo, saa hiyo hiyo, na kuachwa kwenye lami hiyo hiyo, hana mwajiri na hivyo hana Mfuko. Mlango wake pekee ni mahakama ya kawaida. Huko ndiko anakodaiwa uthibitisho wa uzembe, kisha uthibitisho wa kipato, kisha uthibitisho wa utegemezi. Aliye na kinga kidogo kuliko wote ndiye anayebebeshwa mzigo mzito kuliko wote, halafu tunashangaa kwa nini familia zinakubali mchele.

Uzembe wenyewe ni rahisi kuuthibitisha kuliko watu wanavyodhani. Dereva akishtakiwa kwa kosa la usalama barabarani, akatiwa hatiani na kulipa faini, familia hudhani kesi imekwisha na serikali imechukua chake. Kumbe kwao ndiyo inaanza. Sheria ya Ushahidi inaifanya hukumu ya mwisho ya jinai kuwa ushahidi kamili kwamba mtu huyo alitenda kosa alilotiwa hatiani nalo. Mwombe karani nakala ya hukumu iliyothibitishwa. Fuatilia polisi PF90, yaani taarifa yao ya ajali. Majeruhi atunze PF3 na kila karatasi ya hospitali ya Kitete, maana hizo ndizo zinazotakiwa kuwa na risiti. Usingoje arobaini ipite, na mwaka upite, na mvua mbili zipite: muda wa kufungua madai ya aina hii ni miaka mitatu, na tajiri wa basi anaujua vizuri.

Kwa mahakimu nina ombi moja. Mtu akiletwa mbele yenu kama shahidi wa kipato, muulizeni, mwandikeni, kisha mseme katika hukumu kwamba mmemwamini au hamkumwamini na kwa nini. Mkikataa elfu kumi na mbili kwa siku, semeni ni ngapi, hata kama mtashuka hadi kima cha chini. Kuandika kwamba kipato hakikuthibitishwa na kuishia hapo ni sawa na kuandika kwamba watoto watatu walikuwa wakila hewa.

Na kwa wafiwa: hukumu ya namna hiyo isikubaliwe. Kutoka Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi, rufaa inakwenda Mahakama Kuu ndani ya siku 90, na Mahakama Kuu iko hapa hapa Tabora.